Chura Kwenye Mstari wa Shangazi

Neno bufadienolidi nimelitamka hadharani mara moja tu maishani mwangu. Nilikuwa nimesimama kwenye uwanja wa ofisi ya mtaa, kitenge nimekifunga vibaya kwa haraka, nikiwaeleza majirani wa shangazi yangu sumu ya chura ni kitu gani. Nilidhani namwokoa. Tangu siku hiyo neno hilo nalisema jikoni kwangu tu, peke yangu, nikiosha vyombo kwa hasira mpaka masufuria yanagongana.

Mimi ni mfamasia. Nafanya kazi Sumbawanga mjini, kwenye dirisha la dawa, na watu wa nyumbani wananiita daktari. Nimewasahihisha miaka nenda rudi, nimechoka. Nilisomea Dar es Salaam. Huko chuoni, nikitaja nilikotoka, mtu alikuwa anaruka pembeni na kusema, "Sumbawanga? Basi tusigombane, dada, nisije nikaamka nimelala juu ya bati!" Wote wanacheka, na mimi nacheka, maana mgeni hucheka na wenyeji wake. Siku hizi sicheki. Utani huo wa uchawi hupigwa na watu walio mbali na kwetu, na anayeumia ni bibi fulani wa huku juu mwenye macho mekundu kwa moshi wa kuni, ambaye hata hiyo Dar es Salaam hajawahi kuiona.

Shangazi ni dada mkubwa wa baba. Ndiye aliyenilea baada ya mama kufariki, ndiye aliyeuza ng'ombe nikaenda kidato cha tano. Nyumba yake ya matofali ya kuchoma iko nje ya mji, ukishapita Kasense, pale barabara inapoacha kuwa barabara. Mume alikwishatangulia, watoto wametawanyika Mpanda na Mbeya, na yeye amebaki na kuku, shamba, na jumuiya yake ya sala. Ana ulimi mkali. Akikuona umekonda anakuambia umekonda, akikuona umenenepa anakuuliza unamla nani. Watu wa namna hiyo wakizeeka peke yao hutafutiwa jina, na jina lenyewe mnalijua.

Asiyejua ntumba inabidi nimweleze, maana kesi yote imo humo. Ntumba ni tuta la duara. Mvua zikikaribia kuisha, majani yakiwa yamefika kiunoni, unakata udongo pamoja na majani yake, unaugeuza, majani yanaangalia ndani na mizizi inaangalia juu, unaurundika mpaka unapata kilima kinachofika gotini. Juu yake unapanda maharage. Ndani, majani yanaoza. Kiangazi kizima tuta linakaa hivyo hivyo, upepo wa baridi wa mwezi wa saba unalipita, na mvua za mwanzo zikinyesha unalivunja, unatawanya udongo uliokuwa mweusi kama masizi, unamwaga ulezi. Hiyo ndiyo mbolea ya kwetu Ufipa tangu enzi za mababu, kabla ya mtu kusikia habari za mfuko wa ruzuku. Wengi sasa wanalima mahindi kwa plau la ng'ombe, lakini anayetaka ulezi wa maana bado anainama na jembe.

Kazi hiyo haifanywi na mtu mmoja. Leo tuko kwako, kesho kutwa tuko kwangu, na mwenye shamba anaandaa togwa na pombe ya ulezi. Na kila mwanamke hushika mstari wake, kutoka juu ya shamba mpaka chini, hakuna kupokezana. Mstari ni wa mtu kama sahani ya mtu. Anayepita njiani miezi baadaye anaweza kukuambia huu ni wa fulani, ona matuta yake yalivyolegea. Na huu ni wa fulani, huyo ndiye mwanamke. Matuta ya shangazi yalikuwa marefu, yameshindiliwa vizuri kwa bapa la jembe, hayabomoki hata kuku wakipanda. Aliyajua hayo na alijivunia. Akipita kando ya mstari wa mwenzake alikuwa hakosi kuusukuma kwa kidole cha mguu, na ukimeguka anaguna.

Sasa, tuta lililoshindiliwa vizuri hutunza unyevu ndani hata mwezi wa tisa, wakati juu ya ardhi vumbi linaingia mpaka kwenye chai. Na chura anayeishi nchi kavu, yule mnene mwenye ngozi ya vipele, anachotafuta kiangazi ni mahali penye unyevu. Anajichimbia kinyumenyume, makalio yakitangulia, anajifunika, analala akisubiri mvua. Kwa hiyo mwenye matuta mazuri ndiye mwenye vyura. Tangu utoto wetu tumewaona. Tuta likivunjwa, chura anatoka amejaa udongo, anakodoa macho kama mtu aliyeamshwa kabla ya wakati, watoto wanapiga kelele, anaruka zake. Hakuna aliyewahi kuuliza amefuata nini.

Mwaka jana, mvua za kwanza zilipodondoka, jirani wa shangazi aliingia shambani kuvunja ntumba zake. Ni mtu mzima, mwenye heshima, mwimbaji wa kwaya. Mkewe alikuwa naye na majirani wengine wachache. Shangazi aliitwa lakini hakwenda. Miguu ilikuwa imemvimba siku hiyo. Jirani akanyanyua jembe, akalishusha katikati ya tuta, na jembe likampata chura sawasawa, nyuma ya kichwa. Hapo nyuma ya macho chura ana matezi mawili makubwa, moja kila upande. Ukiyaminya yanatoa ute mweupe, mzito, kama utomvu wa mnyaa. Huyu hayakuminywa, yalipasuka. Ute ukamrukia jirani usoni, jicho la kulia likapata zaidi. Akadondosha jembe na kuanza kulia kama mtoto, anajifikicha, na kila akijifikicha anausambaza.

Mtu akamtupa yule chura pembeni. Mbwa wa nyumba akamdaka. Kabla hawajamfikisha jirani kwenye kivuli, mbwa alikuwa anatoka mapovu, anayumba, miguu imekakamaa. Na kabla ya chakula cha mchana alikuwa amekufa mbele ya macho ya watu wote.

Mtu na jicho lake, mbwa na mapovu yake, vyote kwa asubuhi moja. Swali la kwanza lililoulizwa pale shambani lilikuwa hili: "Mstari huu ni wa nani?"

Hilo ndilo kosa, na kosa hilo ni la kwetu tu, hulikuti kwingine. Mahali ambapo watu wanalima kwa trekta nani angeuliza? Sisi tunamjua mwenye kila tuta. Kazi ya pamoja iliyotulisha vizazi na vizazi, na sifa aliyoijenga mwanamke kwa mgongo wake mwenyewe, vikageuka kuwa alama ya kidole. Mstari ni wa nani? Wa bibi yule wa ulimi mkali. Mbona leo hakuja? Mbona anakaa peke yake? Wakaunganisha, na ikaungana.

Habari nilizipata kwa shangazi mwenyewe kwa simu. Alianza na mengine kabisa, bei ya sukari, kuku aliyeangua, kisha akasema, "Halafu, mwanangu, usije ukazisikia kwa watu. Wanasema nimemfukia jirani chura."

"Nani anasema?"

"Watu. Wanataka kuleta kamchape." Kamchape ni wale waganga wanaoitwa kuja kuwatoa wachawi kijijini, wakifika kwako hawaondoki mikono mitupu. Akacheka. "Kelele za chura hazimzuii ng'ombe kunywa maji. Wewe niletee dawa yangu tu, imebaki kidogo."

Nilichukua bodaboda mchana huo huo. Njiani nilikuwa namfokea dereva kwa kila shimo, kana kwamba ndiye aliyeyachimba.

Nilipitia kwanza kwa jirani. Nilimkuta amelala kwenye mkeka barazani, kitambaa usoni. Nikamwamkia, "Shikamoo, baba." Akaitikia vizuri. Nikamwuliza mkewe kama walimwosha macho. Akaniambia hapana, walimpaka majani fulani, kwa sababu zahanati walikuwa wameambiwa jambo hilo si la hospitali. Nikasema kimoyomoyo tutayazungumza. Nilikuwa nimekuja na maji safi ya chumvi kutoka kazini, nikamwosha pole pole, jicho moja kisha la pili, mpaka majani yote yakatoka. Jicho lilikuwa jekundu na limevimba, lakini lilikuwa linaona. Nilimwonyesha vidole, akavihesabu. Nikamwambia atapona, na alipona.

"Asante, daktari," akasema. Kisha, kwa sauti ile ile ya upole, "Lakini nenda kamwulize shangazi yako. Mimi na yeye tulikuwa na nini?"

Nilitoka pale nikaenda moja kwa moja zahanati. Mganga alikuwa kijana nadhifu, koti jeupe limepigwa pasi, si mwenyeji wa huku. Nilimwuliza kama ni kweli alisema si ya hospitali.

"Dada, sikusema hivyo hasa. Nilisema mimi hapa sina cha kufanya."

"Maji ulikuwa huna?"

"Wenyewe walikuja wameshaamua. Mimi ni mgeni. Mambo ya huku Sumbawanga unayajua mwenyewe, usiniingize."

Mtu amesoma, analipwa na serikali kukaa kwenye kiti kile, anajua kwamba kitu chochote kikiingia jichoni kinaoshwa kwa maji, na anaogopa kumwaga kikombe kimoja cha maji kwa sababu ya utani aliousikia kabla hajafika! Mfipa asiyesoma akiamini uchawi tunamwita mjinga. Msomi akiamini tunasema anaheshimu mila za wenyeji. Sentensi ile, si ya hospitali, imewamaliza watu wengi huku kwetu kuliko chura yeyote. Nilimwambia hivyo, na mengine ambayo shangazi angejivunia.

Mkutano uliitishwa Jumapili baada ya misa. Mwenyekiti wa mtaa alikuwa mtu wa busara kwa kipimo cha wenyeviti. Alitaka jambo liishe bila polisi na bila moto. Shangazi aliketi kwenye benchi la mbele na kitenge chake kipya, mkoba mapajani, kama mtu aliyekuja harusini. Watu walisema yao. Mwanamume mmoja akasimama na kusema kwa kirefu juu ya ng'ombe wake waliokufa zamani. Mwingine akasema, "Lisemwalo lipo, na kama halipo laja," akakaa, na watu wakaguna kwa kuridhika, kana kwamba ushahidi umetolewa.

Methali hiyo naichukia. Siku hizi ni panga. Ukimsingizia mtu, kule kusingizia kwenyewe kunageuka kuwa ushahidi wako.

Nikaomba nafasi, nikapewa.

Nilianza vizuri. Nikasema chura yule hakuwekwa na mtu, alijichimbia mwenyewe, wote mnawajua, tangu utoto mmewaona. Vichwa vikatikisika kukubali. Nikasema vyura hawako sawa. Kiswahili chetu kinawaita wote chura, wa kisimani na wa shambani, lakini huyu wa vipele amebeba silaha nyuma ya kichwa, kwa sababu hawezi kukimbia wala kung'ata. Ute ule ni sumu yake mwenyewe, anaitengeneza mwilini mwake, kama nyuki na sumu yake.

"Inaitwaje?" akauliza kijana mmoja kutoka nyuma, wa wale wanaoshinda kwenye kijiwe cha bodaboda.

Hapo ndipo nilipoteleza kwa kiburi cha shule. Mwaka mzima nilikaa chuoni nikikariri michoro ile, pete nne za kaboni zilizoshikana, tatu za pembe sita na moja ya pembe tano, hiyo ndiyo mifupa ya kila steroidi. Halafu ubavuni pete nyingine, na ile pete ya ziada ikiwa na pembe sita ni jina hili, ikiwa na pembe tano ni jina lile. Nilikuwa sijapata hata siku moja mtu wa kuniuliza. Nikajibu, "Zinaitwa bufadienolidi. Bufo ni chura kwa Kilatini. Ni aina ya steroidi."

"Steroidi zile za kujaza kifua? Za jimu?"

Watu wakacheka, nami nikacheka kidogo, nikaona nimewapata. Nikaeleza kwamba steroidi ni ukoo mkubwa. Humo kuna homoni za mwili, kuna dawa za pumu, kuna hizo za wanyanyua vyuma, na kuna hizi za chura, kama vile kwenye ukoo mmoja unavyoweza kupata padri na mwizi. Nikaeleza kwamba hizi za chura hufanya kazi kwenye moyo: huufanya ukaze kupita kiasi, upige ovyo, usimame. Ndiyo maana mbwa alikufa, kwa kuwa alimeza. Baba yetu huyu aliingiwa jichoni tu, ndiyo maana ameumia na atapona. Uchawi haumo. Hii ni kemia.

Mwenyekiti alikuwa anatikisa kichwa kukubali, jirani mwenyewe alikuwa amevua kitambaa na kunitazama kwa macho yote mawili. Ningekaa pale. Mtu mwenye akili angekaa. Lakini nilitaka waelewe kabisa, nilitaka wasiogope tena hata chembe, nikasema, "Hata hospitali tunazo dawa za ukoo huo huo. Zinatokana na mmea, lakini ni binamu wa hii ya chura. Zinasaidia moyo uliochoka. Digoksini. Shangazi yangu mwenyewe, mnayemshuku, anameza kila siku, na mnamwona yu hai. Dawa na sumu hutofautiana kipimo tu."

Mke wa jirani akasimama. Hakuwa na hasira. Alikuwa na sauti ya mtu anayetaka kuelewa.

"Daktari, samahani. Hiyo ya chura na hiyo ya shangazi ni ndugu?"

"Ni binamu, ndiyo. Lakini..."

"Na ikizidi kipimo inaua?"

"Ikizidi, ndiyo, kama dawa yoyote."

"Na hicho kipimo anakijua nani?"

"Mimi ninakijua. Daktari wake anakijua."

"Na nyumbani kwake anazo?"

Niliwaona wakigeuka mmoja mmoja kumtazama shangazi pale kwenye benchi, na safari hii walimtazama kwa utulivu, kama watu walioelimishwa. Kabla sijasimama, alikuwa mchawi, na uchawi unaweza kuubishia. Baada ya mimi kukaa, alikuwa mwanamke mwenye sumu ya moyo kabatini, na aliyethibitisha ni mtaalamu. Mtu akasema kwa sauti ya chini, lakini nilimsikia, kwamba kumbe anayemletea hizo dawa ni huyu huyu.

Wako wanaoniambia kosa ni langu, kwamba ningefunga mdomo. Nakataa. Kwa nini nifunge? Nilisema kweli, neno kwa neno. Kama mtu anapewa kweli nzima anachagua kipande kinachofaa kumchomea jirani yake, msije kwangu na lawama, nendeni kwake. Tunaambiwa kila siku elimu itafuta imani hizi. Mimi niliwapelekea elimu, wakaitia mfukoni, na imani wakabaki nayo.

Mwenyekiti alitoa uamuzi na alionekana kuuonea fahari. Kamchape haitaitwa, serikali hairuhusu, na mtaalamu ametueleza kuwa si uchawi. Bibi hatafukuzwa. Nyumba yake isiguswe na mtu. Ila, kwa usalama wa wote, zile dawa zitolewe nyumbani mwake ziharibiwe, na kwa muda asiitwe kwenye kazi za mashamba ya watu, mpaka mioyo itulie. Watu wakapiga makofi! Walijiona wametenda haki ya kisasa, tena ya kisayansi.

Nilisimama kubisha. Nilisema dawa ile ni uhai wake. Nilisema nitawapeleka mahakamani. Shangazi akanivuta kitenge. "Kaa chini, mwanangu."

"Shangazi, hawawezi..."

"Nimesema kaa." Akafungua mkoba, akatoa chupa ya vidonge. Kumbe alikuja nayo. Hakuwa akiiacha nyumbani, alimeza baada ya misa. Akamkabidhi mwenyekiti kwa mikono miwili, kwa adabu, kama anavyokabidhi sadaka. "Chukueni. Nyumba yangu mniachie."

Waliimwaga chooni nyuma ya ofisi.

Nilimwomba ahamie kwangu mjini. Nilimsihi, nikamgombeza, nikalia. Alikataa katakata. "Nikitoka, watasema walinitoa. Kaburi la mume wangu liko hapa. Niende wapi na miguu hii?" Nikamwambia basi nitamletea dawa nyingine kimya kimya. Akakataa na hilo pia. Majirani walikuwa wanakuja kumjulia hali, na katika kumjulia hali macho yao yalikuwa yanatembea kwenye rafu na chini ya godoro. Kulijaa wema kupita kiasi nyumbani kwake miezi ile. Mtu analeta maboga, anauliza kama anaweza kukusaidia kufagia chumbani.

Basi akakaa bila dawa, na moyo ukafanya ambacho moyo hufanya. Miguu ikavimba mpaka ndala hazimwingii. Alikuwa analala ameketi, ameegemea gunia la mahindi, kwa sababu akijinyoosha hewa inakata. Nilimkuta hivyo, nikamkodia gari, akalazwa mjini, akarudishiwa kidonge chake na kingine cha kutoa maji, akarudiwa na rangi yake. Muuguzi alimwuliza kwa nini aliacha kumeza. Akajibu kwamba alisahau. Huyu, ambaye anakumbuka deni la chumvi la mwaka wa njaa.

Alipotoka wodini majani yalikuwa yamefika kiunoni, msimu wa ntumba. Aligoma kabisa kubaki kwangu. Nilimpa chupa mpya, nikamwambia aifiche anapojua yeye. Akaniambia tu, "Mahali nimeshapaona."

Nilienda kumtazama Jumamosi iliyofuata. Nyumbani hakuwepo, nikateremka shambani. Alikuwa peke yake. Miaka yote nilimwona kwenye mstari akiwa na wanawake wenzake kulia na kushoto, utani unapita juu ya migongo. Sasa ulikuwa mstari mmoja tu, wake, na majani yasiyoguswa pande zote. Anakata udongo, anageuza, anasimama kuvuta pumzi. Anakata tena. Matuta yalikuwa mafupi kuliko ya zamani, lakini yameshindiliwa. Ng'ambo ya njia jirani na wenzake walikuwa wanainua yao, wengi, na wimbo. Jirani alinyoosha mgongo akatutazama. Jicho lake lilikuwa zima kabisa, naweza kushuhudia. Hakupunga mkono.

"Dawa umemeza?" nikamwuliza shangazi.

"Bado. Nilikuwa nakusubiri usimame hapo, unikinge."

Nilisimama alipotaka, mgongo wangu ukiangalia njiani, kitenge nimekitanua kama ninayejifunga upya. Alihesabu matuta kwa macho, akaenda kwenye moja, akachuchumaa kwa taabu, akaingiza mkono ubavuni mwa tuta mpaka kwenye kiwiko. Akatoa mfuko wa nailoni, ndani yake mfuko mwingine, ndani yake chupa. Kwenye chupa ile, kwa mwandiko wangu mwenyewe, imeandikwa itunzwe mahali pakavu. Akameza kidonge kwa mate. Akafunga, akarudisha, akashindilia udongo kwa kiganja, taratibu, mpaka hakuna ambaye angejua.

"Kuna mwenzangu humo," akasema, akijifuta mkono. "Jana nimemgusa, wa baridi, mnene. Nimemwambia akae tu, sisi ni binamu."

Alicheka mpaka akakohoa. Mimi nilishindwa. Kwa sababu hivi ndivyo ilivyo sasa: kila asubuhi, kabla watu hawajafika mashambani, kikongwe wa mtaa ule anapita kwenye umande akitazama nyuma yake, na kwenye ntumba aliyoijenga kwa mkono wake anafukia sumu ya moyo, ndugu ya ile ya chura. Atakayemwona siku moja atakuwa ameona kweli. Halikuwepo. Walilisema mpaka limekuja.